Bwawa la Owen Falls: stori za kwenye basi na yaliyotokea kweli

Kabla daraja jipya la Jinja lifunguliwe 2018, basi la Nairobi–Kampala lilikuwa linapita juu ya ukuta wa bwawa lenyewe, lile la stima linalozuia Nile pale inapotoka Ziwa Victoria, Uganda, upande huu maji yametulia tuli, upande wa pili yanatoka na povu jeupe, na askari hataki kuona mtu na kamera. Hapo ndio stori zinaanza, na nyingi si kweli.

Kubwa kuliko zote ni kwamba bwawa ndilo lilifurisha Ziwa Victoria miaka ya 60. Wazee waliopoteza mashamba ufuoni wanaapa kabisa, na nawaelewa, maana bwawa lilifunguliwa 1954 na kuanzia 1961 hadi 1964 ziwa likapanda karibu mita mbili na nusu, nani asingeunganisha hayo mawili? Lakini ilikuwa mvua. Ile ya mwisho wa 1961 ilipiga Afrika Mashariki yote, na bwawa lilitakiwa kuachia maji kiasi kilekile ambacho mto ungetoa bila ukuta, ziwa likipanda unaachia zaidi, likishuka unapunguza. Waingereza walikubaliana hivyo na Misri, na Misri ikaweka injinia wake palepale Jinja kuangalia, kwa hiyo ile ya kusema Uganda ilikuwa inafunga Nile kama bomba pia futa. Ila tuseme ukweli wote jamani, ziwa liliposhuka sana 2004 hadi 2006 ukame ulikuwepo, lakini maji nayo yaliachiwa kupita kipimo ili mitambo izunguke, pale kituo cha pili cha stima, cha Kiira, kilikuwa kimeshaongezwa. Hapo lawama ni ya haki.

Eti ni stima ya kwanza ya maji huku kwetu? Hapana, Pangani kule Tanganyika ilianza 1936. Owen Falls iliipita kwa ukubwa tu, mitambo 10 ya megawati 15 kila mmoja.

Na Wakenya wenzangu mnaodhani tumeanza kununua stima ya Uganda juzi, laini ya kutoka Tororo ilifika Nairobi 1958, kabla hata ya uhuru.

Halafu kuna wageni wanashuka Jinja wanauliza maporomoko ya Owen yako wapi wayapige picha. Hayapo, ukuta umekaa hapohapo yalipokuwa, na yale ya Ripon kule juu, aliyoyaona mpelelezi Mwingereza Speke 1862, nayo yamemezwa na maji.