Konokono mwenye sumu ni yupi hasa?

Kwenye fukwe za Mwanza, kuanzia Igombe hadi ng'ambo Ukerewe, "konokono wa sumu" ni msemo wa kila siku, na karibu kila mara anayetajwa ni konokono asiye na sumu hata chembe. Mtoto anaokota konokono bapa kwenye majani ya ziwani, mkubwa anamkemea: tupa hicho, kina sumu, ndicho kinacholeta kichocho. Kwenye kichocho amepatia. Kwenye sumu amekosea, na kosa lenyewe si dogo, maana mtoto hutupa konokono akaendelea kuoga palepale.

Konokono mwenye sumu ni yule ambaye mwili wake wenyewe hutengeneza sumu na una chombo cha kuiingiza ndani ya kiumbe kingine. Maana yake ni hiyo tu. Wanaostahili jina hilo kuliko wote ni koni, konokono wa baharini ambao wanasayansi huwaita Conus. Spishi zao zinapita 800, wengi wao wakiishi kwenye bahari zenye joto, na katika Ziwa Victoria hayupo hata mmoja kwa sababu hawaishi kwenye maji yasiyo na chumvi.

Mfano mzuri ni Conus ebraeus, koni mdogo wa sentimita chache, mweupe mwenye safu za madoa meusi ya pembe nne. Yupo pwani yetu ya Bahari ya Hindi, kwenye miamba ya matumbawe ambayo maji yakitoka hubaki na kina kifupi. Mchana hujificha kwenye mchanga na nyufa, usiku hutoka kuwinda minyoo ya baharini. Huwinda kwa harufu: mrija wake wa mbele huvuta maji, akihisi mnyoo yuko karibu hunyoosha mdomo mrefu mwembamba wenye jino moja nchani. Jino hilo lina uwazi ndani na vimiiba pembeni. Nyuma yake kuna mfereji mrefu unaotengeneza sumu na kifuko cha misuli kinachoisukuma. Jino likishachoma halitumiki tena. Mengine yapo tayari kwenye ghala lake, naye huchukua jipya kwa windo linalofuata.

Koni huyu mdogo chakula chake ni minyoo. Wa kuogopwa na binadamu ni ndugu yake mkubwa, Conus geographus, anayekula samaki na ambaye amekwisha kuua watu. Dawa ya kuipinga sumu yake haipo. Hospitali humsaidia mgonjwa kupumua mpaka nguvu ya sumu iishe. Kwa hiyo ukienda pwani usimwokote koni aliye hai, hata kwa kumshika upande mpana, maana mdomo wake unaweza kujikunja na kuufikia mkono. Sumu hizohizo zimezaa dawa pia: zikonotaidi, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2004 kwa maumivu makali sugu, ilitokana na sumu ya Conus magus. Hudungwa kwenye maji ya uti wa mgongo, na kazi yake ni kuzuia taarifa za maumivu zisipite kwenye neva.

Sasa turudi ziwani. Konokono wa kichocho cha tumbo huitwa Biomphalaria. Ni bapa kama sarafu, kipenyo chake kwa kawaida hakifiki sentimita mbili, na hula mwani na majani yanayooza. Hawindi chochote. Hana jino la kuchoma wala tezi ya sumu. Yeye ndiye anayewindwa: kamongo humponda kwa meno yake, na wapo furu ambao taya zao zimeumbika kwa kazi hiyo hiyo.

Kichocho hakianzii kwake. Kinaanzia kwenye kinyesi cha mtu mgonjwa kinapofika majini kikiwa na mayai ya mnyoo. Yai hupasuka, kiluwiluwi hutoka na kumtafuta konokono, humwingia na kuzaliana ndani yake kwa wiki kadhaa. Konokono hapo ni mgonjwa kama tulivyo sisi: hupunguza au huacha kabisa kutaga, na maisha yake hufupika. Kisha viluwiluwi vya hatua ya pili, vyenye mkia wa panda na vidogo mno kuonekana vizuri kwa macho, humtoka kwa mamia hadi maelfu kwa siku, hasa jua likiwa kali. Hivyo ndivyo vinavyotoboa ngozi ya mtu ndani ya dakika chache. Havihitaji umguse konokono, wala hata umwone. Hata ugonjwa wenyewe hausababishwi na sumu: minyoo hukua, hukaa kwenye mishipa ya damu ya utumbo, na mayai yanayonasa kwenye ini na utumbo ndiyo yanayoharibu.

Kichocho cha mkojo nacho kina konokono wake, Bulinus, anayepatikana zaidi kwenye madimbwi na malambo ya bara kuliko ufukweni. Huyo pia hana sumu.

Ukiamini ni sumu, utajikinga kama anayeogopa sumu. Utamkwepa konokono na kuingia majini. Utaogopa kombe tupu lililokauka mchangani, ambalo halina lolote. Utakunywa maziwa ili "kukata sumu", na maziwa hayamfanyi mnyoo kitu. Ukijua ni vimelea, utashughulika na maji. Maji ya ziwa yakichotwa yasiingie konokono, yakafunikwa na kukaa siku moja hadi mbili, viluwiluwi hufa na yanafaa kuogea. Yakichemka hufa papo hapo. Kwa kunywa bado uyachemshe, maana kuna magonjwa mengine. Choo ndicho kinachokata mzunguko kwenye shina, kwa sababu konokono ambaye hajafikiwa na kinyesi chenye mayai hana kichocho cha kumpa mtu.

Na dawa ni prazikwanteli, miligramu 40 kwa kila kilo ya uzito kwa mkupuo mmoja. Kwenye kingatiba za shuleni watoto hupimwa urefu kwa kijiti ili kukadiria idadi ya vidonge, na ni vizuri wale kwanza, kwani wanaomeza tumbo likiwa tupu hulalamika zaidi kichefuchefu na maumivu ya tumbo. Dawa huua minyoo mikubwa lakini michanga huponea, na haimkingi anayerudi majini kesho yake. Ndiyo maana hurudiwa.

Basi, mzazi wa ufukweni, ukimwona mwanao na konokono bapa mkononi, usimwambie kina sumu. Mwambie atoke majini, kisha umpeleke kituo cha afya akapimwe choo.