Trance and Dance in Bali: Hesabu Kasi ya Kamera Kwanza

Mtu akiitazama filamu hii ya wanaanthropolojia Gregory Bateson na Margaret Mead, iliyopigwa kisiwani Bali, Indonesia, haraka huuliza: hawa wachezaji wamepandisha pepo kweli au wanaigiza? Kabla ya hapo lipo swali la fundi: mkanda ulikwenda kwa kasi gani?

Kamera za milimita 16 za miaka ya 1930 kwa kawaida zilipiga fremu (picha moja moja) 16 kwa sekunde. Mkanda wa futi 100 una fremu 4,000, kwa hiyo hukwisha baada ya dakika 4 na sekunde 10. Uweke kwenye projekta ya sauti, yenye kasi ya fremu 24, utakwisha chini ya dakika 3, na mtetemeko wa mwili utaongezeka mara moja na nusu. Mtazamaji ataona wazimu palipokuwa na mchezo tu. Kinyume chake, ukitaka mwendo wa polepole ukapiga fremu 64, mkanda uleule hudumu sekunde 62 na nusu, na kila fremu hupata robo ya mwanga. Bila jua kali, picha inakuwa giza.

Ndiyo maana katika kijiji cha Pagutan, Bali, tarehe 16 Desemba 1937, ngoma iliyozoea usiku ilichezwa mchana. Kikundi kililipwa. Hata mchezo wenyewe, unaomkutanisha mchawi Rangda na Barong, mnyama mlinzi, katika umbo lile ulikuwa bado mpya. Anayeuita mila ya kale anakosea. Malipo hayo hayathibitishi kwamba kupandisha kulikuwa kwa uongo. Mganga naye hulipwa.

Tena kamera ilikuwa bubu. Gamelan, yaani muziki wa ala za shaba wa Bali, unayoisikia ilipangwa na mtunzi Colin McPhee na kuwekwa baadaye, basi usilinganishe pigo la upatu na mchomo wa keris, jambia la huko.

Tazama badala yake wanaume wanavyomshambulia Rangda, wanavyoanguka, kisha wanavyoinuka na kujielekezea keris vifuani, migongo imepinda nyuma. Tazama pia wasaidizi wanaowapokonya silaha. Mwishoni wachezaji hurudishiwa fahamu kwa maji matakatifu na moshi wa uvumba. Moshi huohuo, kwa wasichana wa sanghyang dedari, ngoma nyingine ya kupandisha, ndio unaoita pepo.

Na pale mkanda ulipokuwa ukibadilishwa, hakuna picha. Pengo hilo hujazwa na maandishi ya Mead na ya karani wao, I Made Kaler, aliyeandika kwa Kibali, lugha ya Bali.