Horst Tappert hakuanzia kwa Derrick

Wengi huamini kwamba mwigizaji Mjerumani Horst Tappert alitengenezwa na tamthilia ya upelelezi ya Derrick, ambamo aliigiza mpelelezi mwenye jina hilo. Si kweli. Kipindi cha kwanza kiliporushwa na ZDF, kituo cha televisheni cha Ujerumani, mwaka 1974, alikuwa na miaka 51, na nyuma yake kulikuwa na takriban miaka thelathini ya kazi. Baada ya vita aliomba kazi ya uhasibu katika ukumbi wa maigizo wa Stendal, mji wa Ujerumani, akaishia kupanda jukwaani. Kuanzia 1956 alikuwa Münchner Kammerspiele, ukumbi wa maigizo wa Munich, na hapo ndipo alipoiva hasa.

Umaarufu wa televisheni ulimjia 1966, tena akiwa upande wa wezi: aliigiza kiongozi wa genge katika filamu ya sehemu tatu kuhusu wizi wa treni wa Uingereza wa 1963.

Derrick yenyewe ilifika vipindi 281 hadi 1998, vyote vikiandikwa na Herbert Reinecker. Ndiyo maana mhusika yule habadiliki: koti refu, sauti ya chini, maswali mafupi.

Mwaka 2013 ilibainika kuwa alitumikia Waffen-SS, jeshi la chama cha Wanazi, na ZDF ikaacha kurudia Derrick. Historia yake haiwezi kuandikwa bila hilo.