Berkeley Hakusema Jiwe Halipo

Mtaje George Berkeley mbele ya mtu aliyeionja falsafa kidogo, naye atakujibu: "Yule aliyesema dunia haipo?" Maskini askofu wa watu. Mwanafalsafa huyu alizaliwa Ireland mwaka 1685, akatoa vitabu vyake vikuu kabla hajatimiza miaka 30, na hadi leo anajulikana zaidi kwa jambo ambalo hakulisema.

Sehemu ya lawama inaangukia tafsiri. Msemo wake maarufu ni wa Kilatini, *esse est percipi*, na ukiutafsiri harakaharaka utapata "kuwapo ni kuonekana". Lakini macho ni mlango mmoja tu kati ya milango mitano ya fahamu. Kiswahili kina kitenzi kinachomfaa zaidi, nacho ni kusikia. Tunasikia sauti, lakini pia tunasikia harufu, tunasikia baridi, tunasikia maumivu. Kwa Berkeley, vitu vipo kwa kusikika katika maana hiyo pana, na nafsi zipo kwa kusikia. (Na tafadhali, huu unaitwa udhanifu, si udhanaishi. Udhanaishi ni habari ya akina Sartre, mwanafalsafa Mfaransa wa karne ya 20.)

"Alisema kila kitu ni ndoto"

Alisema kinyume chake: tunavyoviona na kuvigusa vipo, tena vipo kwelikweli. Alichokikataa ni maada, yaani kile kitu kisicho na rangi, ladha wala joto ambacho wanafalsafa wa zama zake walidai kimejificha nyuma ya sifa hizo kikizibeba. Mfano wake mmoja ni tunda la cheri. Ondoa ulaini wake, majimaji yake, wekundu na ukali wake, nawe umeliondoa tunda lenyewe. Utasema limebaki kokwa? Kokwa nalo lina ugumu unaoguswa, basi liondoe pia. Sasa nionyeshe kilichobaki.

Tofauti ya ndoto na uhalisi aliiacha palepale. Mawazoni naweza kuwasha moto na kuuzima nitakavyo. Nikifumbua macho mchana, siulizwi nataka kuona nini. Mambo ya hisi yana nguvu zaidi, yana mpangilio, na hayangoji ruhusa yangu.

"Ukipiga jiwe teke, umemshinda"

Hili ndilo nilipendalo kuliko yote. Mwaka 1763, Samuel Johnson, mwandishi wa kamusi maarufu ya Kiingereza, alikuwa akizungumza na rafiki yake James Boswell kuhusu nadharia hii. Boswell akasema kwamba ni wazi si kweli, ila haikanushiki. Johnson akalipiga jiwe kubwa teke kwa nguvu, mguu ukarudi nyuma, akatamka kwamba hivyo ndivyo anavyoikanusha.

Hebu tuuangalie mguu ule polepole. Johnson alipata nini pale? Ugumu kwenye vidole, msukumo wa kurudishwa, pengine sauti ya kiatu na maumivu kidogo. Vyote hivyo vimesikika. Hakuna hata kimoja ambacho Berkeley angekikana. Ili teke lile limshinde, ingebidi Johnson aguse maada isiyogusika, na hilo halifanyiki kwa kiatu chochote. Alichokithibitisha ni kwamba jiwe lipo na ni gumu, jambo ambalo hapakuwa na ubishi juu yake.

"Ukifumba macho, vitu vinatoweka"

Pingamizi hili Berkeley alilijibu mwenyewe mwaka 1710. Meza iliyo chumbani mwake akiwa nje, alisema, ipo kwa maana kwamba angekuwamo angeiona, au kuna nafsi nyingine inayoiona. Nafsi hiyo nyingine mwishowe ni Mungu, ambaye hafumbi macho. Unaweza kumpinga hapo, na wengi wamempinga. Lakini usimsingizie kwamba hakulifikiria. Lile swali la mti unaoanguka msituni bila mtu wa kuusikia hubandikwa jina lake, ila yeye hakuliuliza kwa maneno hayo.

"Alitufundisha kwamba hisi zinadanganya"

Hapana. Kasia likizamishwa nusu majini linaonekana limepinda, na yeye alisema anayeliona hivyo hajakosea: ndivyo linavyoonekana. Kosa linakuja pale anapohitimisha kwamba akilishika, au akilitoa majini, bado litakuwa limepinda. Hisi zimesema kweli, tumekosea kukisia.

Na wanaodhani alitangulia kusema tunaishi ndani ya kompyuta? Kompyuta iliyofichwa nyuma ya tunayoyaona ni maada ileile, imevikwa nyaya.

"Ni maneno matupu, hayapimiki"

Upande mmoja wa kazi yake umepimwa. Mwaka 1709 alidai kwamba umbali hatuuoni moja kwa moja. Tunajifunza kuufahamu kwa kuunganisha tunachokiona na tunachokigusa. Swali la uhusiano wa jicho na mkono alikuwa amelianzisha William Molyneux, mwanasayansi wa Ireland, kwa barua kwa mwanafalsafa Mwingereza John Locke: kipofu wa kuzaliwa aliyezoea kutofautisha tufe na mchemraba kwa mikono, akipata kuona leo, atavitambua kwa macho tu? Molyneux na Locke walisema hapana, na Berkeley naye akasema hapana.

Mwaka 2011 yalichapishwa matokeo ya jaribio la watoto watano nchini India waliozaliwa bila kuona vizuri, kisha wakafanyiwa upasuaji. Mtoto alishikishwa umbo bila kuliona, kisha akaonyeshwa maumbo mawili achague alilolishika. Kwa macho peke yake waliweza kuyatofautisha maumbo, na kwa mikono peke yake vilevile. Lakini kutoka mkononi kwenda jichoni, mara baada ya upasuaji, walikuwa kama wanabahatisha. Waliopimwa tena siku chache baadaye walikuwa wamepata nafuu kubwa: mkono ulikuwa umeanza kulifundisha jicho.