Rara ya Haiti: Maana yake na jinsi inavyopigwa

Rara ni muziki wa kutembea. Bendi hutoka na kushika barabara, mara nyingi usiku, ikipiga na kuimba huku watu wakijiunga nayo njiani. Msimu wake huanza karnivali inapokwisha, huendelea Kwaresima nzima, na hupamba moto kuanzia Ijumaa Kuu hadi Pasaka. Kwa hiyo si kila muziki wa karnivali ya Haiti ni rara, ingawa wengi wa nje huchanganya.

Moyo wake ni vaksin, baragumu la mwanzi. Mwanzi uliokomaa hukatwa, vifundo vya ndani hutobolewa ili hewa ipite, ila kile cha upande wa mdomo huachwa na kutiwa tundu dogo la kupulizia. Mara nyingi hapo huzungushiwa kipande cha tyubu ya baiskeli. Mwanzi mrefu hutoa sauti nzito, mfupi hutoa nyembamba. Ukipasuka, hewa huvuja na sauti hufifia.

Kila vaksin ina noti yake moja tu, na hapo ndipo penye ufundi wote. Chukua tatu: nzito, ya kati na nyembamba. Wa kwanza anapuliza na kunyamaza, wa pili anaingia kwenye pengo, wa tatu anadunga mara mbili upesi, halafu mzunguko unaanza tena bila kukatika. Msikilizaji anasikia wimbo mmoja ambao hakuna mtu aliyeupiga mzima. Huku wakipuliza, wapigaji hugonga ubavu wa mwanzi kwa kijiti, na mdundo huo ndio unaowaweka pamoja. Anayechelewa huacha shimo. Anayeshawishika kujaza nafasi ya jirani hufanya vibaya zaidi, kwa sababu sauti mbili zikigongana wimbo wenyewe hautambuliki tena. Ndiyo maana kurekodi kila vaksin peke yake studio huwa kunaua rara: mpigaji hana jirani wa kumsikiliza.

Nyuma ya mianzi kuna ngoma, manyanga, na kone, yaani tarumbeta za bati. Huko Léogâne, mji maarufu kwa rara, bendi nyingi hutumia pia ala za shaba kama za bendi ya jeshi.

Bendi ina vyeo. Kolonèl huongoza kwa filimbi na mjeledi. Majò jon, mwenye mavazi yanayometameta, huzungusha fimbo vidoleni. Wakifika kwa mtu mwenye uwezo, bendi husimama na kumpigia ochan, salamu ya heshima, naye hutoa pesa.

Tena rara ina upande wa Vodou, dini ya Haiti yenye asili ya Afrika: bendi nyingi hufanya ibada kabla ya kutoka. Kwa hiyo msanii kama Erol Josué, ambaye ni mwimbaji, mcheza dansi na pia oungan, yaani kasisi wa Vodou, hachanganyi fani tatu tofauti. Katika rara kuimba, kucheza na kuabudu hutoka barabarani pamoja.