Mahaba ya Kihindi kwa maandishi ya Kiburma: dhana potofu na ukweli

Aliyekulia na filamu za Kihindi Tanga au Unguja hawezi kushangaa kusikia kwamba Yangon, jiji la Burma (Myanmar ya leo), nako watu wanamlilia stelingi wa Mumbai, huku wakisoma tafsiri ya Kiburma chini ya picha. Kinachonishangaza mimi ni sababu zinazotajwa.

"Ni mambo ya juzi, yameletwa na intaneti."

Waingereza waliitawala Burma kama mkoa wa India hadi 1937, na miaka hiyo zaidi ya nusu ya wakazi wa Rangoon, yaani Yangon ya leo, walikuwa na asili ya India. Helen, yule mcheza dansi wa sinema ya Kihindi ambaye baba zetu hawamsahau, alizaliwa Burma mwaka 1938. Vita vilipofika, familia yake ilikimbia kwa miguu hadi Assam, India. Halafu mwaka 1949 filamu ya *Patanga* ikatoa wimbo wa mke ambaye mumewe kaenda Rangoon na sasa anampigia simu kutoka huko. Rangoon iliimbwa Bombay, yaani Mumbai ya leo, kabla hajazaliwa yeyote kati ya vijana wanaopakua filamu leo.

"Watazamaji ni Wahindi wa hukohuko."

Wahindi wengi wa Burma walitokea kwa Watamil, Watelugu na Wabengali, na Kihindi hakikuwa lugha yao ya nyumbani. Tena maelfu kwa maelfu waliondoka baada ya Jenerali Ne Win kuchukua madaraka mwaka 1962 na biashara kutaifishwa. Maandishi ya Kiburma huwekwa kwa ajili ya anayesoma Kiburma, basi.

"Wanazipenda kwa sababu mila ni zilezile."

Hapa ndipo watu wanapoteleza zaidi. Kijana akimpaka msichana unga mwekundu utosini, nywele zinapogawanyika, India nzima inajua ameshamwoa. Mburma amezoea thanaka, lile gome linalosagwa na kupakwa mashavuni kwa urembo na kujikinga na jua. Asipodokezwa, atadhani dada wa watu anarembwa tu. Waburma pia hawana jina la ukoo: baba, mama na mtoto kila mmoja ana lake, na mke habadili jina akiolewa. Sasa yule mzee mwenye masharubu anayefoka kwamba binti amelichafua jina la ukoo, utamtafsiri vipi? Na kilio cha bibi harusi akiagwa kwao kinahitaji maelezo mahali ambapo maharusi wengi huanza maisha nyumbani kwa wazazi wa mke.

Kinachofanana ni kingine. Katika mila ya Kibuddha ya Burma, wazazi na walimu wamo katika orodha moja ya kuheshimiwa pamoja na Buddha, mafundisho yake na watawa. Kwa hiyo stelingi wa *Dilwale Dulhania Le Jayenge* (1995) anapokataa kutoroka na mpenzi wake mpaka baba mtu aridhie, Mburma haoni woga. Anaona adabu, na adabu hiyo ndiyo inayomkata maini.

"Maandishi yakija kama mchwa, mtafsiri alikuwa mvivu."

Huenda kosa ni la fonti. Kwa miaka mingi kompyuta na simu za Myanmar zilitumia Zawgyi, mfumo wa herufi usioelewana na Unicode, ule unaotumika duniani kote. Kuhamia Unicode rasmi kulianza tarehe 1 Oktoba 2019. Faili la zamani likifunguliwa kwenye simu mpya, penzi zima linageuka vurugu la herufi.

"Nakupenda ni nakupenda tu, kuna nini cha kutafsiri?"

Kipo, tena kingi. Kwa penzi, nyimbo za Kihindi zina *pyaar*, *ishq* na *mohabbat*. Mswahili angejiponea kwa mapenzi, ashiki na mahaba, maana mawili ya mwisho tumeyachota kisima kimoja cha Kiarabu. Kiburma kimechota Kipali, lugha ya maandiko ya Kibuddha: mwimbaji akilia *dukh*, yaani huzuni, sikio linashika *dukkha*, mateso, bila msaada wa mtu. Lakini *ishq* haina ndugu huko.

Kazi kubwa zaidi imo kwenye "mimi" na "wewe". Kwa Kihindi, *main*, yaani "mimi", ni ya mwanamume na mwanamke sawasawa, na kitenzi ndicho kinachofichua jinsia. Kwa Kiburma kitenzi kinanyamaza; mwanamume husema *kyanaw*, mwanamke *kyama*. Na mwanamke mwenye mpenzi humwita *ko* au *maung*, maneno ambayo asili yake ni kaka mkubwa na kaka mdogo. (Wanaomwita mpenzi "kaka" Dar es Salaam wasicheke.) Binti wa Kihindi akiacha *aap*, "wewe" ya heshima, na kushika *tum*, "wewe" ya mazoea, mtafsiri ndiye anayeamua ni mstari upi *ko* itatokea kwa mara ya kwanza. Akiiweka pale binti anapoomba tu apewe mwavuli, ukumbi unajua ameshapenda, wakati yeye mwenyewe kwenye filamu bado anabisha.