Rudi Carrell na utani ulioandikwa mapema

Wanaojifunza utayarishaji wa vipindi vya burudani vya runinga huwa nawaanzishia na mkanda wa zawadi wa Rudi Carrell, mchekeshaji na mtangazaji wa runinga. Kipindi chenyewe kiliitwa Am laufenden Band, yaani "Kwenye mkanda unaotembea", kikirushwa na ARD, shirika la utangazaji la Ujerumani Magharibi, Jumamosi usiku, tangu 1974 hadi 1979. Washiriki walikuja wawili wawili, watu wa familia moja lakini wa rika tofauti, wakashindana michezo ya kuchekesha. Mshindi alikalishwa mbele ya mkanda unaotembea, zawadi zikapita machoni pake moja baada ya nyingine, kisha akapewa sekunde chache azitaje. Anachokikumbuka ni chake. Ufundi uko hapo: aliye sebuleni naye anakariri, na mshiriki akikwama anampigia kelele, "Redio! Umesahau redio!" Elimu haihitajiki. Mwisho wa shindano uliobuniwa vizuri kuliko huo sijauona, ingawa wazo lilitoka Uholanzi.

Carrell mwenyewe alitoka huko huko. Alizaliwa Alkmaar mwaka 1934, jina lake halisi Rudolf Wijbrand Kesselaar. Baba yake pia alikuwa mtu wa jukwaa. Mwaka 1960 aliiwakilisha Uholanzi kwenye Eurovision, shindano la nyimbo la Ulaya, akashika nafasi ya 12 kati ya 13. Hakukata tamaa: 1964 kipindi chake kikapata tuzo kwenye tamasha la runinga la Montreux, Uswisi, na mwaka uliofuata akaanza kazi Radio Bremen, kituo cha redio na runinga cha Ujerumani. Lafudhi yake ya Kiholanzi haikumtoka kamwe, akaifanya mtaji.

Kuanzia 1981 alikuja na Rudis Tagesshow, mzaha wa taarifa ya habari. Picha za kweli za wanasiasa zilikatwa na kuunganishwa upya, mtu akaonekana akijibu swali ambalo hakuulizwa. Chumba cha uhariri ndicho kilichokuwa mchekeshaji. Februari 1987 uhariri huo ulimponza: kipande cha sekunde chache kilionyesha wanawake kana kwamba wanamrushia Ayatollah Khomeini, kiongozi wa Iran, nguo za ndani. Iran ikawafukuza wanadiplomasia wa Ujerumani na kuifunga Taasisi ya Goethe, kituo cha utamaduni wa Kijerumani, ya Tehran. Carrell akaomba radhi, akatishiwa kuuawa, akaishi chini ya ulinzi wa polisi. Naona alistahili lawama, vitisho hakustahili. Mbinu hiyo huficha mkono wa mhariri, na aliyekosewa heshima haoni mkasi, anaona picha tu.

Waliofanya naye kazi walimjua kwa ukali. Mzaha ulioonekana kumtoka kinywani bila kufikiri ulikuwa umekwisha kuandikwa, kufutwa na kuandikwa tena. Hata 7 Tage, 7 Köpfe ("Siku 7, vichwa 7") ya kituo cha runinga cha RTL, aliyoianzisha 1996, ambapo wachekeshaji walikaa mezani wakidakiana habari za wiki, sehemu kubwa ya utani iliandaliwa mapema. Watazamaji wengine walipojua walijiona wamedanganywa. Mimi sioni udanganyifu. Jaribu kuwaketisha wachekeshaji saba mezani bila muswada. Baada ya dakika tano wote watakuwa wanazungumza kwa pamoja.